Daftari Chini ya Maharage

Mwanamke anayeandika jikoni utamjua kwa vidole: cha shahada kina wino, gumba lina masizi. Edina Kalinga alikuwa na vidole vya namna hiyo kwa miaka arobaini na mitano, na hapakuwa na mtu wa kumcheka, maana kanisa zima la mtaa wao, nje kidogo ya Mafinga kwenye njia ya kwenda Madibira, lilijua anachoandika. Aliandika neema.

Mambo yalianza akiwa msichana wa kipaimara. Mwalimu wao, mama mmoja mkali ambaye hata mchungaji alimwogopa, aliwagawia kila mmoja daftari akawaambia: kila jioni andikeni jambo moja ambalo Bwana amewatendea leo, hata kama ni chumvi tu kuwatosha. Wenzake waliandika wiki moja, ya pili wakachoka, ya tatu karatasi zikawa za kufungia karanga. Edina hakuchoka. Akaolewa, akaandika. Akazaa, akaandika. Chini ya kitanda chake kuna sanduku la bati lililojaa madaftari mpaka kifuniko kinagoma kufunga.

Usidhani aliandika raha tupu. Mkulima wa maharage ana raha ngapi? Mwaka jiko lao lilipoungua pamoja na mahindi yote ya darini, aliandika hivi: "Jiko limekwisha. Upepo uligeuka, nyumba kubwa ikasalimika. Jina lake lisifiwe." Na siku mumewe Samwel alipoangukiwa na mti wa paina huko msituni alikokuwa akifanya kazi, aliandika: "Samwel ameletwa saa kumi jioni. Uso haukuguswa. Nimemtambua. Jina lake lisifiwe." Haya, yasome mara mbili uone kama wewe ungeyaweza.

Watu walimpenda kwa hilo. Penye msiba alitafutwa yeye kabla hata ya sufuria kubwa za kanisa. Alifika na kibuyu cha uji, akakaa chini na mfiwa, akasema maneno yake machache ya shukrani, na mfiwa akanywa. "Mama Blessing ana imani ya jiwe," walisema.

Mama Blessing ndilo jina alilobaki nalo. Blessing alikuwa mwanawe wa pekee, mwalimu wa shule ya msingi huko Rujewa, binti mcheshi ambaye kila Krismasi alimletea mama yake daftari jipya na kila Jumamosi alimpigia simu kumuuliza, "Mama, wiki hii umeandika nini?" Novemba iliyopita homa ikamshika. Edina alimkuta hospitali hajitambui. Akafunga kula na kunywa. Siku ya pili mchana, akiwa kwenye benchi la nje ya wodi, moyo wake ulipata joto la ghafla, joto alilolizoea tangu usichana, akafungua daftari akaandika: "Amenijibu. Blessing atapona. Jina lake lisifiwe." Akapiga simu kanisani kuwaeleza. Wanawake wakamwimbia kwenye simu mpaka salio likaisha.

Ilikuwa mara yake ya kwanza, katika miaka yote hiyo, kuandika neema kabla haijafika. Blessing alifariki kesho yake saa kumi jioni.

Wakazika. Watu wakamtazama wakisubiri aseme neno, naye akasema, maana mdomo ulishazoea. Lakini daftari halidanganywi. Humo aliandika tu, "Leo mvua." Kesho yake, "Leo mvua tena." Baadaye, "Leo sina la kushukuru." Na siku moja ya Februari, kwa kalamu iliyokandamizwa mpaka karatasi ikakaribia kutoboka, aliandika: "Nimechoka kukutetea kwa watu." Tangu siku hiyo hakuomba. Alifumba macho pamoja na wenzake, akayafumbua pamoja nao, na hapo katikati hapakuwa na kitu.

Upweke wa nyumba tupu una dawa yake: unavaa kitenge, unakwenda kwa jirani kuomba moto, mnaongea. Huu wa Edina haukuwa na mlango wa kwenda kubisha. Akienda kwa jirani, jirani anamwambia, "Mama Blessing, wewe ndiye mfano wetu." Atajibu nini? Tena kila aliyemsalimia alimwita kwa jina la marehemu, asubuhi, mchana na jioni, naye akaitika. Akirudi ndani anakaa kwenye kigoda chake, na hata Mungu, aliyezoea kuzungumza naye miaka yote wakati akichambua maharage, hakuwa na hamu ya kuzungumza naye.

Daftari lile hakuliweka sandukuni pamoja na mengine. Leo alilificha chini ya godoro, kesho nyuma ya debe la unga, na wanawake wakija alikaa roho juu mpaka waondoke.

Jumamosi ya kuamkia Sikukuu ya Mavuno, katika ile baridi ya Julai inayowafanya kuku wa Mafinga wachelewe kutoka bandani, Edina alikuwa jikoni anaandika. Karibu yake kilikuwepo kikapu kilichosukwa kwa milulu, nyasi za mtoni, kimejaa maharage ya sadaka aliyoyachambua moja moja. Alikuwa ndiyo kwanza amemaliza ukurasa aliposikia mlangoni:

"Hodi! Hodi humu!"

Ilikuwa sauti ya Faustina, mwenyekiti wa wanawake. Edina akafanya kama mtoto aliyekutwa na mkono kwenye sukari: akalizamisha daftari ndani ya maharage mpaka kiwiko kikapotea, akasawazisha juu kwa kiganja, akafunika kikapu kwa kanga.

"Karibuni. Vuteni vigoda."

"Kamwene, Mama Blessing."

"Kamwene, Mwenyekiti."

Faustina aliingia na wanakamati wawili. Huyu Faustina ni mama mwembamba, wima kama nguzo ya umeme, mwenye ratiba ya kila kitu mkobani. Hajawahi kuonekana akilia, hata mwaka ule alipozika mapacha wake wachanga siku moja, wakiwa na siku tisa tu duniani. Wiki ile ile alirudi kwenye kwaya. Ukichelewa kikao chake dakika tano, utatamani usingekwenda kabisa.

"Jumapili ya wiki ijayo, Jumapili ya Wanawake, ushuhuda ni wako," alisema kabla chai haijamiminwa. "Kichwa chake ni Imani Wakati wa Dhiki."

"Mwenyekiti, safari hii mpeni mwingine."

"Mwingine yupi?"

"Wapo wengi. Mimi nimeshasema sana."

"Mama Blessing, wanawake wanataka kusikia ulivyomshukuru Mungu kwa ajili ya Blessing. Utawasomea kutoka kwenye madaftari yako kama siku zote. Usituangushe."

Edina akatazama birika. Aliona ni rahisi zaidi kukubali kuliko kuulizwa sababu, akakubali. Wakaomba, wakanywa, wakaaga. Faustina alipoinuka akakiona kikapu.

"Hiki ndicho cha kesho? Tutakubebea. Mgongo wako tunaujua."

"Aa, acheni!" Sauti ilimtoka kubwa kuliko alivyotaka. "Nitakibeba mwenyewe asubuhi."

"Ukibebe na nani? Wewe mwanamke, unataka kutunyima baraka hata ya kubeba maharage?"

Wenzake wakacheka. Angefanya nini? Angewaambia subirini nitoe daftari langu? La nini, lifichwe kwenye maharage? Na kwa nini halipo na mengine sandukuni ambayo kila mtu anayajua? Faustina alikwisha kujitwika. Edina akasimama mlangoni akikitazama kikapu kikishuka mteremko kuelekea kanisani, kisha akakaa pale pale kizingitini.

Asubuhi aliwahi kanisani kuliko mwinjilisti. Stoo ilikuwa imefungwa kwa kufuli mbili, na mwenye ufunguo alikuja ibada ikianza. Ikabaki njia moja tu.

Mnada wa sadaka wa kwetu usiufananishe na wa sokoni. Asiye na hela huleta alicho nacho, jogoo, mayai, mkungu wa ndizi, na baada ya ibada vyote hunadiwa nje, mbele ya kanisa. Unaweza kununua ukala. Lakini ukitaka sifa, unanunua halafu unampa mtu: mjane, mgonjwa, mgeni. Na anayeendesha mnada ni mzee wa kanisa Lugano, Mnyakyusa aliyeoa huku akakaa, mtu mwenye mdomo kama redio ya betri mpya.

"Kikapu cha Mama Blessing!" Lugano alikiinua. "Maharage ya mtu wa imani haya! Hata ukiyasahau jikoni hayaungui! Nani anaanza?"

Edina akanyoosha mkono.

Lugano akabaki mdomo wazi, jambo ambalo halikuwahi kutokea. Kisha akalipuka. "Heee! Jamani, anakomboa maharage yake mwenyewe! Mama, hebu tuambie, yana nini humo ndani?"

Watu wakacheka mpaka wengine wakashikana mabega. Masikio ya Edina yalipata moto. Akapandisha bei, na hapo ndipo alipojiharibia, maana mtu wa heshima akitaka kitu mnadani kwetu, watu hudhani ni mchezo wa kuchangamsha sadaka, na kila mmoja hutaka kucheza. Kwaya ikapandisha. Edina akapandisha. Wazee wakapandisha. Edina akatoa yote aliyokuja nayo, mpaka ile ya chumvi na sabuni. Mwisho mwinjilisti Jofrey, kijana mwenye moyo mweupe asiyejua anachokifanya, akachangiwa na kwaya nzima, akashinda, akakipokea kikapu na kukiinua juu.

"Na sisi tunampa mgeni wetu! Yule mama pale nyuma!"

Kila mtu akageuka. Pale nyuma, mbali kidogo na wenzake, alikuwa amesimama mwanamke mrefu mweusi, muuza mchele wa Madibira. Watu walimwita yule Msukuma. Ukoo wa mumewe ulihamia huko bondeni na ng'ombe wao kutoka kaskazini miaka mingi iliyopita, na yeye alikuwa amepanga chumba hapa mjini kuuza mchele wa nyumbani. Miezi minne alikuja ibadani peke yake na kuondoka peke yake. Sasa akaja mbele, akapiga goti, akapokea kikapu kwa mikono miwili. Watu wakapiga makofi, kisha Lugano akainua jogoo, na wakamsahau.

Edina hakumsahau. Ukurasa wa mwisho wa daftari lile, ule alioumaliza jana yake kabla ya hodi, ulimtaja mwanamke huyu huyu.

Jumatatu alikaa ndani akisubiri hodi. Haikuja. Jumanne aliwakuta wanawake bombani wanacheka, na alipofika wakanyamaza, au alidhani wamenyamaza. Akarudi na ndoo nusu. Aliwaza namna habari itakavyosafiri: Mama Blessing haombi. Mama Blessing amemchoka Mungu. Wale wote aliowanywesha uji wataitazama miaka ile na kusema kumbe. Na kinachouma, wangekuwa na haki. Jumatano akaona bora akatwe kuliko kusubiri kisu. Akavaa kitenge, akaenda.

Njiani alijikumbusha kwamba yeye ndiye wa kamati ya kutembelea wageni. Miezi minne. Hakuwahi kuijua hata nyumba, ikabidi aulize sokoni.

Chumba kilikuwa nyuma ya mashine ya kukoboa. Magunia ya mchele yalijaa mpaka karibu na kitanda, na nje, kwenye jiko la mkaa, sufuria ilikuwa inachemka.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu."

"Karibu ndani. Maharage yako karibu yanaiva."

Akampa kigoda. Kisha akaenda kwenye gunia, akachukua kitu kilichofungwa kwa kitambaa safi, akapiga goti vile vile kama siku ya mnada na kumkabidhi kwa mikono miwili. Edina akalishika daftari, akaliweka mapajani, asilifungue.

"Umesoma?"

"Nimesoma, mama. Nilidhani ni la kikundi. Nilipojua ni la nini, nilikuwa nimeshafika katikati, nikashindwa kuacha. Nisamehe."

"Mpaka mwisho?"

"Mpaka mwisho."

Edina alikuwa anayajua maneno ya mwisho kwa moyo: "Yule Msukuma amekaa tena benchi la nyuma peke yake. Ni zamu yangu kumtembelea, sasa miezi minne. Siendi. Nitamkaribishaje mtu kwenye nyumba ambayo sijui kama mwenye nyumba yumo?" Akainamisha kichwa asubiri. Angetukanwa, angekubali.

"Kumbe kulikuwa na mtu ananiona," yule mwanamke alisema taratibu. Akafunua sufuria, akafunika. "Lakini mama, mimi si yule Msukuma. Naitwa Catherine. Catherine Budeba."

Edina alisikia aibu ambayo hakuisikia hata mnadani. Mtu amesoma matusi yake yote kwa Mungu, na kilichomuuma ni kukosa jina.

"Nimekosa, Catherine," alisema. "Nimekukosea sana."

"Yameisha." Catherine akapakua maharage kwenye bakuli mbili, akaongeza wali mweupe unaonukia. "Blessing alikuwa na umri gani?"

"Thelathini na mbili."

"Mimi thelathini na tatu."

Wakala. Ilikuwa miezi mingi Edina hajala na mtu bila kuombwa neno la faraja. Walipomaliza, Catherine akauliza, "Hilo la Jumapili waliloliandika ubaoni kanisani, ushuhuda, utasoma daftari lipi?"

"Sijui. Ya zamani yapo mengi."

"Soma ya zamani, mama. Hili usilisome." Catherine alimtazama usoni. "Nakwambia kwa sababu nalijua lile benchi la nyuma. Ukilisoma, watakuweka huko na mimi."

Edina akarudi nyumbani na daftari kifuani chini ya kanga. Sasa alikuwa salama. Siri imerudi, na aliyeisoma hana wa kumwambia. Angeweza kufa na heshima yake. Alijiambia hivyo Alhamisi, akajiambia tena Ijumaa, na kila alipojiambia aliuona ule mstari: nimechoka kukutetea kwa watu. Kusimama tena mbele na kumtetea angewezaje?

Jumapili ya Wanawake alisimama mbele akiwa na madaftari mawili. Alitupa macho benchi la nyuma. Lilikuwa tupu, Catherine alikuwa amekwenda Madibira kuchukua mzigo. Basi, hata huyo mmoja hakuwepo.

Akafungua la zamani. Akasoma siku Samwel alipoletwa. Uso haukuguswa, nimemtambua. "Amina!" wakaitikia. "Asifiwe!" Mama mmoja akafuta machozi. Edina alisikia lile joto la kusifiwa likimpanda, tamu kama zamani, na Faustina kwenye kiti cha mbele akaitikia kwa kichwa kumaanisha, vizuri, sasa malizia la Blessing.

"La Blessing liko humu," Edina akasema, akafungua la pili.

Akasoma: "Amenijibu. Blessing atapona. Jina lake lisifiwe." Akafunua. "Leo mvua. Leo mvua tena." Akafunua. "Leo sina la kushukuru." Mtu akakohoa. Akafunua mpaka Februari. "Nimechoka kukutetea kwa watu."

Akafunga daftari.

"Tangu siku hiyo sijaomba," akasema. "Nimekuwa nikifumba macho tu. Mmekuja kwangu na misiba yenu nikawaambia maneno ambayo mimi mwenyewe yameniisha. Nimewadanganya. Mlitaka niseme ya imani na ya dhiki. Ya dhiki ndiyo hayo. Ya imani sijui kama ninayo. Ninachojua ni kwamba naandika bado, na sijui namwandikia nani kama siyo yeye."

Akakaa. Hakuna aliyeitikia amina. Mwinjilisti Jofrey akainuka haraka akataja namba ya wimbo ambao haukuwa kwenye ratiba, na watu wakaimba wakitazama vitabu kama vile ndiyo wanajifunza kusoma. Nje, mikono iliyompa ilikuwa myepesi. "Tutakuombea," walisema, wakapita. Lugano aliinua kofia yake, akashindwa kupata mzaha hata mmoja. Faustina alipita bila salamu, mkoba kwapani, macho mbele.

Jumatatu hakuna aliyekuja. Jumanne kulitokea msiba nyumba ya tatu kutoka kwake. Edina alisikia kilio kikianza, akavaa kitenge, akakoroga uji kwa mazoea, akakaa mlangoni akisubiri kuitwa. Aliona wanawake wakipita na sufuria kubwa za kanisa. Wakamtafuta mama mwingine wa kusema neno. Uji ukapoa, akaunywa mwenyewe. Jioni akaandika: "Leo hawakuniita." Halafu akalia, kilio cha sauti, ambacho hakuwa amelia hata makaburini, na hapakuwa na mtu wa kumsikia.

Jumatano asubuhi umande ulikuwa umeganda mweupe kwenye majani ya maboga. Alikuwa anachochea moto aliposikia hodi.

Ni Faustina. Hakuwa na mkoba, wala wanakamati. Akavuta kigoda mwenyewe, akakaa, akapokea chai. Wakazungumza habari ya baridi. Wakazungumza habari ya viazi vilivyoungua kwa baridi. Kikombe kikaisha, Edina akaongeza, nacho kikanywewa. Edina akasubiri aambiwe kwamba kamati imekaa na imeona apumzike.

"Mwaka ule walipokwenda mapacha wangu," Faustina akasema akiangalia moto, "ulikuja kwangu na uji."

"Nakumbuka."

"Ukaniambia nishukuru hata kwa zile siku tisa."

"Nilisema hivyo. Na wewe ukanywa uji."

"Nilikunywa ili uondoke."

Ukuni ukapasuka motoni. Edina akaweka kikombe chini.

"Sijaomba tangu siku ile, dada Edina," Faustina akasema. "Huu ni mwaka wa kumi na tisa."

Dada Edina. Hakukumbuka mara ya mwisho mtu kumwita hivyo. Akatafuta neno la kumwambia, yeye ambaye kila msiba alikuwa na neno, na akajikuta hana, na safari hii hakulazimisha. Mwanamke aliyekaa mbele yake, aliyenyooka kama nguzo miaka yote ile, alikuwa ameinama mpaka kitambaa cha kichwa kimegusa magoti. Uji wake ndio uliomfunga mdomo miaka kumi na tisa. Hilo nalo lilimwingia, likakaa.

Edina akainuka, akaenda chumbani, akavuta sanduku la bati. Juu ya madaftari ya zamani lilikuwepo moja jipya, halijaguswa, la Krismasi ya mwisho kutoka kwa Blessing. Akalichukua pamoja na kalamu, akarudi jikoni akaliweka mapajani mwa Faustina.

Faustina akalifungua, akautazama ukurasa mweupe. "Mimi nitaandika nini? Sina la kushukuru."

"Anza na baridi," Edina akamwambia. "Mimi nilianza na mvua."

Faustina akaishika kalamu muda mrefu. Kisha akainama akaanza kuandika, huku amefunika kwa mkono wa kushoto kama mwanafunzi anayeogopa kuibiwa majibu. Edina akamgeuzia mgongo asimwone, akaongeza kuni.